Kisima cha Wajiji na Ngome ya Otranto

Wajiji wa zamani walikuwa na masimulizi yao kuhusu asili ya Ziwa Tanganyika. Pale penye maji leo, walisema, palikuwa na bonde pana lenye watu wengi, ng'ombe na mashamba. Katika mji mmoja wa bonde hilo waliishi mume na mke, na ndani ya ua wao, nyuma ya boma, mlikuwa na kisima kisichopimika kina, kimejaa samaki wanono. Kisima kilikuwa siri ya ukoo. Mababu walikirithisha kwa sharti moja: mtu wa nje asikione, kwani siku atakapokiona ndiyo siku ya maangamizi. Mke akapata mpenzi, akawa anampelekea minofu kwa kificho. Mpenzi akanogewa, akataka kujua kitoweo kinatoka wapi, akang'ang'ania. Mume alipovuka Mto Malagarasi kwenda Uvinza kwa shughuli zake, mke alimwingiza yule bwana uani akamwonyesha. Samaki walikuwa wakigeukageuka majini, magamba yanang'aa. Bwana akainama, akanyosha mkono, akamgusa mmoja. Papo hapo ardhi ikapasuka, bonde likadidimia, maji yakajaa. Mume aliporudi kutoka Uvinza alikuta maji matupu mbele yake. Mji haupo, majirani hawapo, na njia aliyoondokea haionekani.

Msafiri Henry Morton Stanley aliyasikia masimulizi hayo alipofika Ujiji, mji wao wa ufukweni, mara ya pili, mwaka 1876, akayachapisha London mwaka 1878. Katika safari hiyohiyo aliandika jambo jingine ambalo wasomaji wengi hawaliunganishi na kisa cha kisima. Michikichi mitatu iliyokuwa imesimama sokoni Ujiji alipokuja mara ya kwanza, mwaka 1871, sasa aliikuta imesimama ndani ya ziwa. Maji yalikuwa yanapanda mwaka hadi mwaka, yanaula mji. Waliomsimulia Stanley habari ya ziwa lililomeza watu walikuwa wakiliona likimeza soko lao. Ndiyo maana kisa hiki kina nguvu: kimetungwa kwa hofu ambayo msimulizi anaweza kuinyoshea kidole.

Aliyezoea riwaya za kutisha za Ulaya atavitambua viungo vyake vyote. Kuna nyumba ya kale yenye mahali palipofichwa. Kuna urithi wenye sharti, na tamaa inayovunja sharti. Kuna adhabu inayowaangukia hata wasiohusika. Mwaka 1839, miaka karibu arobaini kabla ya Stanley kusimuliwa, Mmarekani Edgar Allan Poe alichapisha hadithi ya nyumba ya ukoo wa Usher, nyumba inayopasuka katikati na kuzama katika ziwa dogo lililo mbele yake pamoja na wa mwisho wa ukoo huo. Poe hakujua kama Ujiji ipo duniani, wala Wajiji hawakumsoma Poe. Lakini fasihi ya namna ya Poe ina jina na ina tarehe ya kuzaliwa, nayo ilipokuja huku ziwani ilikuja kama mgeni mwenye mengi ya kusema kuhusu mwenyeji wake. Sura hii inahusu safari hiyo.

Mwezi Desemba 1764 kulitoka London kitabu kidogo kiitwacho The Castle of Otranto. Jalada lilidai kwamba ni tafsiri ya bwana mmoja, William Marshal, kutoka Kiitaliano cha kasisi Onuphrio Muralto. Dibaji ikaeleza kuwa maandishi hayo, yaliyopigwa chapa Naples mwaka 1529, yalikutwa katika maktaba ya ukoo wa kale wa Kikatoliki kaskazini mwa Uingereza. Yote hayo yalibuniwa. Kitabu kilipopendwa, mwandishi wa kweli alijitokeza katika toleo la pili, mwaka 1765: Horace Walpole, mbunge, mwana wa aliyekuwa waziri mkuu. Katika toleo hilo aliongeza chini ya jina la kitabu kwamba ni hadithi ya kigothi. Gothi ndilo jina walilopewa wajenzi wa makanisa na ngome za zama za kati, zile zenye matao yaliyochongoka na madirisha marefu, na Walpole alikuwa ameijenga nyumba yake ya Strawberry Hill, nje kidogo ya London, kwa mtindo huo. Mwezi Juni 1764 aliota ndotoni mkono mkubwa uliovikwa chuma, umeshika ukingo wa ngazi. Jioni yake alianza kuandika.

Kisa chenyewe ni hiki. Mtawala wa Otranto, Manfred, anamwoza mwanawe wa pekee. Siku ya harusi kofia ya chuma, kubwa kuliko kimo cha mtu, yenye manyoya meusi, inaanguka kutoka juu na kumponda bwana harusi. Manfred, badala ya kulia, anaamua kumwacha mkewe na kumwoa bibi harusi aliyebaki. Msichana anakimbia usiku kupitia njia ya chini ya ardhi kuelekea kanisani, taa inamzimikia njiani, anapapasa ukuta gizani akisikia nyayo. Hatimaye tunaambiwa kwamba babu wa Manfred alikuwa mtumishi aliyemtilia bwana wake sumu na kughushi wosia. Ngome haikuwa yao tangu mwanzo. Kuta zinaanguka, na mrithi halali anabaki amesimama juu ya kifusi.

Ukimwuliza mtu leo hadithi ya kigothi ni nini, atakutajia popo, radi, mishumaa, mnara, binti wa gauni jeupe. Hayo ni mapambo. Mhimili wa Walpole ni ule wosia wa kughushi: watu wanaishi vizuri ndani ya nyumba iliyopatikana kwa damu, na nyumba inakumbuka. Mzimu wowote unaofuata, uwe wa Walpole au wa mwingine, ni kumbukumbu hiyo ikidai haki yake. Hadithi ya kutisha isiyo na deni la namna hiyo inamshtua msomaji kwa dakika moja, kisha inamwachilia aende zake.

Baada ya Walpole aliyeifikisha kazi hiyo mbali zaidi ni Ann Radcliffe. Riwaya yake The Mysteries of Udolpho ilitoka mwaka 1794, The Italian mwaka 1797. Yeye ndiye aliyewafundisha wenzake kwamba mlango usiofunguliwa unatisha kuliko mlango uliofunguliwa. Katika insha iliyochapishwa mwaka 1826, yeye akiwa ameshafariki, alipambanua hofu za aina mbili. Ya kwanza ni ile ya kutojua, ambayo huipanua roho na kuiweka macho. Ya pili ni ile ya kuona kitu cha kuchukiza waziwazi, ambayo huigandisha. Alishika ya kwanza. Tena alikuwa na desturi yake: mwishoni kila kivuli kinaelezwa. Sauti ilikuwa ya mtu, mizimu ilikuwa maharamia, maiti nyuma ya pazia ilikuwa sanamu ya nta.

Msomaji wa Kiswahili anaijua desturi hiyo, pengine bila kumjua Radcliffe. Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar alishinda shindano la East African Literature Bureau la 1957–58 kwa riwaya ya Mzimu wa Watu wa Kale, ikachapishwa mwaka 1960. Mtu ameuawa, maiti yake iko mzimuni, na watu wa shamba wanajua, au wanadhani wanajua, kwamba waliolala pale wamekasirika. Anakuja Bwana Msa na kiko chake, anauliza, anapima, anatafuna mambo. Muuaji ni binadamu. Watu wamezoea kumweka Bwana Msa kando ya Sherlock Holmes, na sawa, kiko ni kilekile. Lakini kinachomfanya msomaji asikiweke chini kitabu ni mzimu, na namna mwandishi anavyouacha ututishe kwanza, kwa kurasa nyingi, kabla ya kuuruhusu mwanga uingie. Hapo Abdulla anasimama na Radcliffe kuliko na Conan Doyle.

Kuna jambo la Radcliffe ambalo linaturudisha moja kwa moja Ujiji. Ngome zake za kutisha ziko milimani Italia, watawa wake waovu ni Waitaliano, na yeye hakuwahi kukanyaga Italia. Walpole naye aliipeleka hatia Otranto. Matthew Lewis, aliyechapisha The Monk mwaka 1796 akiwa kijana wa miaka ishirini hivi, aliipeleka Madrid. Waingereza wa Kiprotestanti walijijengea nchi ya kutisha kusini, kwa Wakatoliki, mahali ambapo kila nyumba ya watawa ina shimo na kila kasisi ana kisu. Hadithi ya kigothi imependa tangu kuzaliwa kwake kuuweka uovu kwa jirani. Karne ya kumi na tisa Italia ilipozoeleka, ikajaa watalii, jirani mwingine ilibidi atafutwe. Akapatikana huku kwetu.

Mwezi Februari 1858 Richard Burton alifika Ujiji akibebwa, miguu imekufa ganzi kwa homa, na mwenzake John Hanning Speke macho yakiwa karibu hayaoni. Miaka kumi na miwili baadaye Burton alichapisha kitabu cha ngano za Kihindi chenye neno vampaya katika jina lake. Mwaka 1878 alikutana na kijana wa Dublin aliyekuwa anaingia kazini kwa mwigizaji Henry Irving. Kijana huyo ni Bram Stoker. Katika kumbukumbu zake za mwaka 1906 Stoker ameeleza jinsi alivyomkazia macho Burton mezani, na jinsi mdomo wa juu ulivyoinuka alipozungumza, chonge likachomoza na kumeremeta. Dracula ilitoka mwaka 1897. Katika kumbukumbu hizohizo Stoker anaeleza pia alivyoketi na Stanley. Mtu aliyeipa dunia mnyonya damu wake mashuhuri kuliko wote alikuwa amekula chakula na wageni wawili wakubwa wa Ujiji, akawatazama nyuso zao kwa makini ya mwandishi. Sidai kwamba Dracula alizaliwa Ujiji. Nasema kwamba njia ya misafara na njia ya hadithi za kutisha zilikutana kwenye meza moja London, na msomaji wetu anastahili kulijua hilo.

Wengine walikuja na kalamu moja kwa moja. H. Rider Haggard, katika riwaya yake She ya mwaka 1887, alimweka malkia asiyekufa ndani ya makaburi ya mji wa kale, bara, nyuma ya pwani ya Afrika Mashariki. Kitabu chake cha awali tunakijua kwa Kiswahili tangu mwaka 1929 kwa jina la Mashimo ya Mfalme Sulemani, na wazee waliokisoma shuleni bado wanamkumbuka kizee mchawi Gagula. Mwaka 1899 Joseph Conrad akaandika Heart of Darkness kutokana na safari yake ya Mto Kongo ya mwaka 1890. Conrad ni mwandishi mkubwa kuliko Haggard kwa mbali, na alimwona mwenye hatia wa kweli, Mzungu mwenye pembe za ndovu. Hata hivyo wenyeji wa ng'ambo ile ya ziwa wamebaki kwenye kitabu chake kama vivuli na kelele za msituni. Katika Otranto hata mtumishi ana jina na maneno.

Waliolipa gharama ya hadithi hizo ni Wamanyema, watu wa magharibi ya ziwa. Vitabu vya wasafiri viliwaeneza Ulaya kama walaji wa watu, na sifa hiyo ikawafuata njiani kama mbwa. Wamanyema waliletwa mashariki kwa maelfu, wengine wamefungwa, wengine wapagazi, wengine askari wa misafara. Wajukuu wao ndio Ujiji hii: ndio wenye misikiti, madrasa, ngoma, mitumbwi na timu za mpira. Aliyetishwa, aliyetekwa, aliyepoteza kijiji, ndiye aliyepewa sura ya jini.

Na fedha? Swali hili wasomaji wa hadithi za kigothi waliliacha kwa muda mrefu. William Beckford, mwandishi wa Vathek ya mwaka 1786, riwaya inayoishia katika kumbi za Iblisi ambako kila aliyelaaniwa anatembea ameshika moyo wake unaowaka, alikuwa miongoni mwa matajiri wakubwa wa Uingereza, na utajiri wake ulitoka kwenye mashamba ya miwa ya Jamaika yaliyolimwa na watumwa. Lewis wa The Monk alirithi mashamba mawili kisiwani humohumo pamoja na mamia ya watu. Alikwenda kuyatazama, na mwaka 1818 akafa kwa homa ya manjano baharini akirudi kwao. Walpole, kwa haki yake, aliilaani biashara ya watumwa katika barua ya mwaka 1750. Lakini ukizisoma riwaya zile ukijua hesabu za waandishi wake, shimo chini ya ngome na mnyororo unaosikika usiku vinabadilika. Watu hawa walikuwa wanabuni kwa starehe ya wasomaji vitu ambavyo fedha zao zilikuwa zinavifanya kweli, mbali, kwa watu wasioonekana.

Ujiji ilikuwa moja ya sehemu ambako mnyororo haukuwa mapambo. Kutoka hapa hadi Bagamoyo ni kilomita zipatazo 1,200 kupitia Tabora, na tangu mwaka 2006 Tanzania imeiweka njia hiyo katika orodha ya awali ya Urithi wa Dunia. Miembe bado imepanga mistari katika baadhi ya sehemu zake. Na kama kuna mahali duniani ambapo ile hila ya Walpole, maandishi ya kale yaliyokutwa, ilitokea kweli, ni katika habari za njia hii.

David Livingstone alikuwa Nyangwe, kando ya Mto Lualaba, mwaka 1871. Karatasi zilikuwa zimemwishia. Akachukua gazeti la London, Standard, toleo la mwaka 1869, akaandika shajara yake juu ya maandishi yaliyochapwa, mistari ikikatiza mistari, kwa wino alioutengeneza kutokana na mmea wa hukohuko. Tarehe 15 Julai watu wa misafara walifyatua bunduki katika soko la Nyangwe lililofurika, wengi wa waliokuwepo wakiwa wanawake wachuuzi. Watu walikimbilia mitumbwi, mitumbwi ikazama, mto ukawachukua. Wafanyabiashara wenyewe walikadiria waliokufa kuwa zaidi ya 300. Livingstone aliyaandika hayo kwenye lile gazeti, kisha akakata tamaa ya kusonga mbele, akaondoka kurudi Ujiji, akafika mwezi Oktoba akiwa mgonjwa na kukuta mali yake imeshauzwa. Wiki chache baadaye Stanley akatokea, na dunia ikakumbuka salamu na kofia tu. Sanamu mbili za ukubwa wa mtu, kila moja imeinua kofia, zimekaa miaka mingi katika jumba la kumbukumbu la Ujiji zikiamkiana.

Lile gazeti likaenda Uingereza. Wino ukafifia hadi ukawa kivuli, huku herufi zilizochapwa zikibaki nyeusi. Kitabu kilichotoka mwaka 1874, Livingstone akiwa ameshakufa, kilihaririwa na Horace Waller kutoka nakala iliyosafishwa, si kutoka kwenye kurasa zile. Kwa miaka 140 hakuna aliyeweza kuzisoma zote. Ndipo kundi la watafiti likiongozwa na Adrian Wisnicki likazipiga picha kwa mwanga wa rangi mbalimbali, ikiwamo ile isiyoonekana kwa jicho. Kompyuta ikalififisha gazeti na kuuinua wino, na mwezi Novemba 2011 shajara ikawekwa wazi kwa umma. Nimezitazama picha hizo kwa muda mrefu. Juu ya safu za matangazo na habari za London, mkono wa mzee mgonjwa unakatiza, umebana, wakati mwingine umetetemeka, ukieleza jinsi wanawake walivyoruka mtoni. Hakuna mtunzi wa riwaya aliyewahi kubuni ukurasa wa kutisha kuliko huo, na si wa kubuni.

Maiti yake nayo ina habari. Livingstone alifariki karibu na tarehe 1 Mei 1873 katika kijiji cha Chitambo, Zambia ya leo. Watumishi wake Chuma, Susi na wenzao wakauzika moyo wake chini ya mti, wakautia mwili chumvi, wakauanika juani siku 14, wakauvingirisha kwa kitambaa na gome la mti. Walipozungukia kusini mwa Ziwa Tanganyika na kufika Unyanyembe, ofisa wa Kiingereza aliyekutana nao alipendekeza wamzike palepale. Wakakataa. Mbele kidogo watu wa njiani walikataa maiti isipite. Wakatengeneza maiti ya uongo kwa mabua, wakawaonyesha watu kwamba inarudishwa nyuma kuzikwa, na ile ya kweli wakaifunga upya iwe na umbo la robota la nguo. Ikafika Bagamoyo Februari 1874 kama mzigo wa biashara. Tarehe 18 Aprili ikazikwa Westminster Abbey, chini ya matao ya kigothi yenyewe, yale aliyoyaiga Walpole nyumbani kwake. Chuma na Susi hawakuwapo. Jacob Wainwright peke yake kati ya wapagazi ndiye aliyehudhuria. Mwingereza angeyasoma hayo katika riwaya angesema mwandishi amezidisha chumvi. Kwa waliobeba ulikuwa uaminifu, tena uaminifu wenye akili kali.

Kuna pia sauti ya upande wa pili, kwa Kiswahili. Hamed bin Muhammed el Murjebi, yaani Tippu Tip, mfanyabiashara wa misafara, alisimulia maisha yake, na Heinrich Brode akayachapisha mwanzoni mwa karne ya ishirini, Kiswahili pamoja na Kijerumani. Ukikisoma kitabu hicho ukitegemea mizimu hutaiona. Pembe zinapimwa kwa frasila, vita vinatajwa kwa sentensi mbili, kijiji kinachomwa na msafara unaendelea. Manfred wa Otranto alimwona babu yake akitoka ndani ya picha ukutani. Tippu Tip hakutokewa na mtu. Utulivu huo unanisumbua kuliko ngome zote za Radcliffe, na ninaamini mwandishi wa riwaya anaweza kujifunza zaidi kwake kuliko kwa Stoker.

Fasihi yetu imeligusa deni hili mara kadhaa. Shaaban Robert, katika Adili na Nduguze ya mwaka 1952, alichukua kisa cha mtindo wa Alfu Lela Ulela: liwali mwema kila usiku anawapiga mijeledi manyani wawili, kisha analia na kuwalisha. Manyani ni ndugu zake waliomtosa baharini. Humo kuna mji mzima ambao watu wake wamegeuka mawe, na msichana mmoja hai ndani yake. Shaaban anajulikana kwa maadili, lakini ile picha ya mjeledi na machozi, kila usiku, kwa amri ya jini asiyesamehe, ni ya kigothi kabisa, na ndiyo iliyobaki kichwani mwangu maadili yalipokwisha kusahaulika. Mwaka 2001 Said Ahmed Mohamed akatoa Babu Alipofufuka: kigogo aliyenenepa kwa mali ya umma anatokewa na babu yake aliyekufa, naye anampeleka kuyaona aliyoyatenda. Hapo deni la nyumba limeletwa karibu, kwa wakubwa wa leo, si kwa jirani wa mbali.

Nasema hivyo kwa sababu tabia ya kumtwika jirani hatujaiacha. Mtu wa Kigoma akijitambulisha Dar es Salaam huambiwa Kigoma mwisho wa reli, kisha hufuata habari za uchawi: fulani alisafiri kwa ungo, fulani alikwenda kule akarudi hasemi. Sumbawanga, Tanga na Pemba wanayajua maneno hayo pia. Ndiyo Italia ya Radcliffe, imejengwa upya na watu ambao wengi wao hawajawahi kushuka stesheni ya Kigoma. Uvumi wa namna hiyo hauishii kwenye mzaha. Mwishoni mwa miaka ya 2000, mauaji ya watu wenye ualbino yalipopamba moto kanda ya ziwa na magharibi, waliokimbia walipewa hifadhi katika kituo cha Kabanga, wilayani Kasulu, mkoa huuhuu. Kuna watu waliosimuliwa kwamba mwili wa jirani una nguvu za ajabu, wakasadiki, wakachukua panga. Mwandishi wa hadithi za kutisha kwa Kiswahili lazima ajue hilo kabla hajamchora mchawi wake, kizee mwenye macho mekundu, mwishoni mwa kijiji.

Vifaa vya kazi bora viko pale pale Ujiji. Baada ya Stanley kuondoka, Mto Lukuga upande wa Kongo ulifungua njia, na kati ya mwisho wa miaka ya 1870 na miaka ya 1890 ziwa likashuka zaidi ya mita kumi. Maji yaliyokuwa yanatishia kuumeza mji yakaukimbia. Leo ukitoka kwenye mnara wa Livingstone inabidi utembee kitambo kuyafikia, na ukifika utakuta mafundi wanaunda mitumbwi, wanakalafati kwa pamba iliyolowekwa mawese, nyundo zinajibizana. Bandari ilishahamia Kigoma, reli ilipofika huko mwaka 1914. Mjini Kigoma kuna meli ambayo Wajerumani waliizamisha wenyewe mwaka 1916, mitambo ikiwa imepakwa grisi ili isioze, ikaibuliwa mwaka 1924 na kurudi kazini mwaka 1927: Liemba. Mtunzi angeona haya kubuni vitu vingi namna hii katika wilaya moja.

Kigumu ni kile cha Walpole, wosia. Utumwa ulikomeshwa kisheria Tanganyika mwaka 1922, yaani bibi wa mtu aliye hai leo anaweza kuwa alizaliwa mtumwa. Katika mitaa ya Ujiji wajukuu wa waliofunga na wajukuu wa waliofungwa wameoana, wanaswali safu moja, wanazikana. Wengine wana damu zote mbili. Ni nani mrithi halali katika nyumba kama hiyo, na mzimu ukija umdai nani? Walpole alijibu kwa kuziangusha kuta na kumwita kijana mzuri wa ukoo bora. Jibu hilo halifai hapa, kwa kuwa hakuna kijana wa namna hiyo na kuta zina watu ndani. Anayetaka kuandika riwaya ya Ujiji itabidi aanzie hapo, pamoja na shajara ya Nyangwe na kitabu cha Tippu Tip mezani, na kisha aende akawasikilize wenyewe wanavyozieleza nasaba zao, na wapi wanaponyamaza.